Mtoto wa Zizi la Nyangi

Ng'ombe waliomwoa mama yako walitoka zizi la nani?

Usikasirike, msomaji. Mjini ukiulizwa hivyo utadhani umetukanwa. Upande wa Itiryo, kule juu wilayani Tarime, ni swali la kawaida kama kuuliza mvua imenyesha wapi. Mwaka 1976 liliulizwa mahakamani, mbele ya hakimu na watu waliojaa mpaka madirishani, na Hezekia Matiko, mwenyekiti wa kijiji, alikaa kwenye benchi la mdaiwa akiangalia vidole vya miguu yake.

Hezekia hakuwa mtu mbaya. Alilima mahindi na wimbi, alikuwa mzee wa kanisa, na kusoma alijifunza kwa wamisheni akiwa anawachungia mbuzi. Watu walipohamishwa kutoka mlimani kuja kukaa pamoja kandokando ya barabara, yeye ndiye aliyepima viwanja. Alitembea na kamba ya katani kutoka asubuhi mpaka jua linazama, akibishana na watu waliolilia migomba yao waliyoiacha huko juu. Wengi walimnunia. Lakini hakuna hata mmoja aliyesema kamba ya Hezekia ilipinda. Kaka yake mwenyewe alipata kiwanja chenye mawe, jirani asiyesalimiana naye akapata chenye udongo mzuri, kwa sababu ndivyo mstari ulivyoangukia. Hicho ndicho kitu alichojivunia kuliko uzee wa kanisa.

Kiwanja cha mwisho kabla ya shule alimpimia Nyangi.

Nyangi alikuwa mjane, mrefu, mkavu, mwenye sauti ya kuita ng'ombe waliovuka mto. Mume wake alifariki akamwachia mabinti tu. Mabinti wakaolewa, ng'ombe wakaja. Nyangi akafanya alichofanya kila mwanamke Mkurya wa hali yake ambaye hakutaka mji wa mumewe uzimike: alichukua ng'ombe wale akaoa. Alimwoa msichana aitwaye Mogesi, akamleta nyumbani, akamjengea nyumba. Wenyewe huiita nyumba ntobhu. Watoto wanaozaliwa na mke huyo ni watoto wa mji ule. Mwanamume anayekuja kuwazaa ni mgeni; anakula, anashukuru, anaondoka, na wala hana neno juu ya mtoto, kwa maana hakutoa hata mguu wa ndama.

Mtoto wa kwanza wa Mogesi, msichana, aliitwa Boke. Alisoma mpaka darasa la saba, akarudi nyumbani na jembe lake kama wenzake. Lakini jioni, watu wakishatoka kwenye shamba la kijiji, Boke alikusanya wazee nyuma ya ghala la pamba kuukuu na kuwafundisha kusoma. Hakuna aliyemtuma. Ubao wake ulikuwa mlango wa zamani uliopakwa masizi. Nyangi mwenyewe alikaa mstari wa mbele, na akikosea aligombeza chaki.

Sasa nchi ilikuwa imeamua kwamba kila mtoto asome, na walimu hawakuwepo. Serikali ikasema: vijana wa darasa la saba wafundishwe ualimu hukohuko vijijini, asubuhi wakishika darasa, mchana wakisoma wenyewe kwenye shule ya kata. Kila kijiji kichague mtoto wake. Lilikuwa wazo zuri, na ninalisema bila aibu yoyote kwa wale wanaolicheka leo. Liliweka chaki mkononi mwa mtoto wa mkulima, bila kumuuliza kama anamjua mtu mkubwa.

Kamati ya kijiji ilikaa, na Boke akawa wa kwanza bila ubishi. Wa pili alikuwa Kisyeri, mtoto wa kaka yake Hezekia, kijana mpole aliyeandika vizuri. Siku ya kuthibitisha majina alikuja afisa mmoja kutoka wilayani, mgeni wa sehemu hizi, mwenye haraka. Alisoma jina la Boke, akasoma jina la mzazi, akainua uso.

"Nyangi ni mwanamume?"

Watu wakacheka. Hawakucheka kwa ubaya. Walicheka kama watu wanavyocheka mgeni akikosea njia. Lakini afisa naye akacheka, kicheko kingine, na Hezekia akakisikia. Alijiona amesimama pale na kaunda suti yake ya kuazima, mwenyekiti wa watu washamba. Maneno yakamtoka kabla hajayapima.

"Hapana, afisa. Huyo ni bibi tu wa hapa. Mambo ya zamani haya. Baba yake msichana ni mtu wa Susuni."

"Susuni? Basi ni mtoto wa Susuni. Sisi tunataka mtoto wa kijiji chenyewe, tusije tukasomesha walimu wakahama. Wa pili nani?"

Hivyo ndivyo ilivyokuwa. Sentensi moja. Kisyeri akaandikwa, afisa akapanda gari, na Hezekia akaenda nyumbani akijiambia kwamba kuandikwa kwa mtoto wa kaka yake hakukuhusiana kabisa na alichosema. Alijiambia hivyo mara nyingi kuliko ilivyohitajika.

Kesho yake jioni, wakati wa kukamua, Nyangi alifika.

"Shikamoo, mama," Hezekia akasema.

"Sijaja kuamkiwa."

"Basi karibu kiti."

"Nimesimama vizuri. Mwenyekiti, nasikia umempatia mtoto wangu baba."

"Mama, si mimi. Ni maagizo ya wilaya."

"Wilaya inamjua huyo Method wa Susuni? Wilaya iliwahi kumwona Method akinijia na baiskeli yake haina breki, anavunja uzio wangu?"

Jikoni, Kezia mke wa Hezekia alikohoa kuficha kicheko. Hezekia akajikaza.

"Mama Nyangi, nisikilize. Zamani imepita. Hii ni nchi ya ujamaa. Tukiwaambia wageni kwamba kwetu mwanamke anaoa mwanamke, watatuonaje?"

Nyangi alimtazama kwa muda, kama anayetazama ng'ombe aliyemnunua jana na leo anachechemea.

"Ahaa. Kumbe ni kicheko. Nilidhani umenichukia, au unamtaka Kisyeri wako ale mshahara. Hayo ningeyaelewa. Kumbe umeogopa kuchekwa tu." Akageuka kuondoka, kisha akasimama penye lango. "Nakwenda kwa hakimu. Naye akicheka, nitarudi unifundishe pa kujificha."

Alipokwisha kuondoka Kezia alitoka jikoni na kata mkononi.

"Baba Nikolaus, mwaka ule wa njaa tulipokunywa maziwa ya mama huyu, uliuliza zizi ni la mwanamume au la mwanamke?"

"Wewe pika."

"Napika. Nimeuliza tu."

Nyangi alishitaki kweli. Habari ilipozagaa kwamba mwenyekiti amepelekwa mahakamani na mwanamke, Hezekia aliona joto usoni kila alipopita kwenye duka la ushirika. Vijana wa pale walikuwa na maneno. "Mwenyekiti, unatafuta wakili au unatafuta Method?" Na kweli alikuwa akimtafuta Method. Hakutaka kushinda ili Boke akose. Alitaka tu ionekane mbele ya watu kwamba hakusema uongo. Msichana alizaliwa na mtu wa Susuni au hakuzaliwa naye? Alizaliwa naye. Basi.

Method alipatikana karibu na Sirari, mpakani na Kenya, akitengeneza baiskeli za watu kando ya barabara. Alikuwa mnene kidogo sasa, na Kiswahili chake kilikuwa kimeshavuka mpaka.

"Korti?" akasema, akajifuta mafuta mikononi. "Mimi naweza kuja. Huyo msichana anaenda kuwa ticha, si ndiyo? Basi nitakuja, chairman. Siwezi danganya korti."

Hezekia hakujiuliza kwa nini mtu huyu alifurahi hivyo.

Hakimu wa mahakama ya mwanzo alikuwa kijana kutoka Ukerewe, mpya kazini, mtaratibu. Pembeni yake walikaa wazee wawili wa baraza wa kumsaidia katika mila. Mmoja wao alikuwa Mzee Werema, kipofu wa jicho moja, aliyeonekana kama anasinzia siku zote. Hakimu alianza kwa kusema waziwazi kwamba mahakama haichagui walimu.

"Hiyo ni kazi ya kamati ya kijiji na wilaya," alisema. "Lakini kijiji kimesema msichana huyu si mtoto wake, na kwa sababu hiyo tu akaondolewa. Mtoto ni wa nani, hilo naweza kulisikiliza. Mama, sema."

Nyangi akasimama. Alikuwa amevaa gauni la kanisani ingawa kanisani hakuwa akienda.

"Mheshimiwa hakimu, karatasi ya mashitaka hiyo iliyo mbele yako, sahihi iliyopo ni yangu. Si dole gumba. Nimeandika kwa mkono wangu. Aliyenifundisha kuandika ni huyo wanayesema si wa kijiji." Akavuta pumzi. "Walipogawa zamu za shamba la kijiji, walikuja mpaka langoni kwangu wakasema, Mji wa Nyangi, toeni watu. Nikamtoa Boke. Amepalilia pamba yao tangu ana kimo hiki. Jembe lake lilikuwa la kijiji. Leo ni zamu ya kalamu, ndiyo nasikia ni mtu wa Susuni. Nimemaliza."

Watu wakaguna. Karani akagonga meza.

Method aliitwa. Alisimama kwa raha, kama mtu aliyeitwa kula.

"Huyo msichana ni damu yangu," alisema. "Hata ukiangalia pua."

Watu wote wakageuka kuangalia pua ya Boke, naye maskini akaifunika kwa kiganja.

"Na wale wadogo zake," Method akaendelea, "hao pia ni wangu. Mimi nilikuwa nimenyamaza tu. Lakini kama serikali inasema baba ni mimi, basi iwe ni hivyo kabisa. Akiolewa, watu walete ng'ombe kwangu. Na yule kijana mdogo nitamchukua anisaidie kazi ya baiskeli."

Mogesi, aliyekuwa amekaa chini karibu na mlango, alimvuta mtoto wake mdogo akamweka katikati ya miguu yake, akamfumbata. Nyangi hakusogea. Mkono wake tu ulishika ukingo wa benchi.

Hapo ndipo Hezekia alipoelewa. Alikuwa amesema sentensi moja ya kujiondolea aibu mbele ya mtu mwenye gari, na sentensi ile ilikuwa inatembea. Ilikuwa imeingia kwenye kiwanja alichokipima kwa kamba yake, inang'oa nguzo, inatoa watoto nje. Hakuwa ametaka hilo. Lakini nani aliyemleta Method hapa? Nani aliyemlipia hata chai njiani?

Mzee Werema akafungua jicho lake.

"Kijana wa baiskeli. Ng'ombe waliomwoa mama wa msichana huyu walitoka zizi la nani?"

"Mzee, hayo ni mambo ya—"

"Zizi la nani?"

"La Mama Nyangi."

"Ulipokuwa ukienda pale, ugali ulikula wa nani?"

"Wa Mama Nyangi."

"Msichana alipougua surua, wewe ulikuwa wapi?"

"Sikuambiwa."

"Mgeni haambiwi," Mzee Werema alisema, akafumba jicho lake tena.

Hakimu akamwambia Nyangi kuwa ana haki ya kumuuliza shahidi. Nyangi alifikiri kidogo.

"Method, mwanangu, sina ugomvi na wewe. Swali ni moja tu. Mke wako anajua umekuja kudai watoto?"

Kicheko kilitoka ndani kikapokewa na waliokuwa madirishani. Method alikuna shingo. "Tutaongea naye," akasema, na kutoka hapo hakuonekana tena kuwa mnene.

Kisha zamu ikamfikia Hezekia. Hakimu aligeuza kalamu mkononi.

"Ndugu mwenyekiti, wewe ni kiongozi, nitakuuliza jambo moja. Siku mlipogawa viwanja, msichana huyu ulimhesabu mji gani?"

Kulikuwa na njia za kukwepa. Hezekia aliziona zote, kama mtu anavyoziona njia za ng'ombe mlimani. Angeweza kusema hakumbuki. Angeweza kusema viwanja walipewa watu wazima. Kule nyuma alikaa kaka yake, na Kisyeri pembeni, amevaa shati jipya. Kaka yake alikuwa akimtazama bila kupepesa.

"Nilimhesabu kwa Nyangi," alisema.

"Kwa nini?"

"Kwa sababu ndiko kwao. Niliuliza mwenye mji ni nani, watu wakasema Nyangi. Nikavuta kamba. Hakuna aliyebisha, na mimi sikubisha."

"Na mbele ya afisa?"

Hezekia alijua kwamba atakachosema kitapita kwenye kila pombe ya kijiji kuanzia jioni ile.

"Mbele ya afisa niliona haya. Alicheka. Nikasema neno ambalo sikupaswa kulisema. Msichana ni wetu. Na nilijua ni wetu nikiwa nalisema."

Kaka yake akasimama akatoka nje. Kisyeri alibaki, na kwa sifa yake niseme kwamba hakuinamisha kichwa.

Wazee wa baraza walitoa maoni yao kwa maneno machache. Hakimu aliandika kwa muda, kisha akasoma. Boke ni mtoto wa mji wa Nyangi, na wadogo zake vilevile. Method hana dai. Mji wa Nyangi ni mji wa kijiji, umetambuliwa na kijiji chenyewe. Sababu iliyomwondoa msichana haipo. Nani awe mwalimu, warudi wakaamue wenyewe.

Kamati ilikaa palepale chini ya ukuta wa mahakama, watu wamesimama, na haikuchukua muda. Jina la Boke likarudi lilipokuwa. Mtu mmoja alisema wilaya itanung'unika. Hezekia akajibu kwamba atakwenda mwenyewe kuieleza, kwa miguu kama ni lazima, na safari hii wakicheka atangoja wamalize kucheka.

Sisi tulioimba usawa kwenye mikutano tuliuimba kwa sauti kubwa, tukipiga makofi. Wengi wetu hatujawahi kuulipia hata gharama ya kuchekwa na mtu mmoja.

Jioni ile Hezekia hakula vizuri. Kaka yake hakupita kumsabahi kama kawaida. Kezia alimwekea maziwa, hakusema neno, na kwa Kezia hilo lilikuwa jambo kubwa.

Asubuhi iliyofuata ukungu ulikuwa bado umelala kwenye migomba, na Hezekia alikuwa njiani kwenda kwa Nyangi kumweleza kwamba Boke anatakiwa shule ya kata siku hiyohiyo. Alipofika karibu na uzio alisikia sauti, akasimama.

Kwa Wakurya, mtoto anayeondoka kwenda mbali hubarikiwa na baba yake penye lango la zizi. Baba ndiye anayesimama hapo. Mama hubarikia mlangoni mwa nyumba. Hezekia alibarikiwa hivyo alipokwenda kwa wamisheni, na tangu awe mzee wa kanisa hakuwahi kulizungumzia jambo hilo.

Nyangi alikuwa amesimama katikati ya lango la zizi, na fimbo ya marehemu mume wake mkononi. Nyuma yake ng'ombe walikuwa wakisukumana, wanataka kutoka. Boke alikuwa mbele yake, amevaa gauni la shule lililoteremshwa pindo, kichwa kimeinama. Mogesi alishika kibuyu cha maziwa. Nyangi alipiga funda, akamtemea msichana kifuani, kulia na kushoto, taratibu, akisema maneno ya Kikurya ambayo baba husema: nenda kama maji, urudi kama maji, waliokutangulia wakuachie nafasi. Ndama mmoja akapenyeza kichwa chini ya kwapa lake. "Wewe hujachaguliwa," Nyangi akamwambia, akamrudisha kwa goti, na akaendelea na baraka palepale alipoachia.

Hezekia alivua kofia. Hakujua kama alivua kwa ajili ya mila au kwa ajili ya mama yule. Alibaki hivyo mpaka maziwa yalipokwisha na Nyangi alipopisha, na Boke akapita langoni, ng'ombe wakimfuata, wakigawanyika kushoto na kulia kwake.

Nyangi akamwona.

"Mwenyekiti! Mbona umesimama kwenye uzio wangu kama mwizi wa ng'ombe?"

"Shikamoo, mama."

Nyangi aliegemeza fimbo langoni, ukungu ukipita kati yao.

"Marahaba," akasema. "Sanduku la mwalimu liko pale. Libebe."

Hezekia akavaa kofia yake, akainama, akaliweka sanduku begani.